Telesphor, Mpiga Video za Miguu

Telesphor alinikera sana, na sioni sababu ya kuficha. Siku hizi yuko Mishamo, anaendesha mashine ya kusaga ya mtu mmoja huko, na watu wa hapa Majimoto wakimtaja wanamsema vizuri tu, kama ilivyo desturi ya kumsema mtu aliyekwishaondoka. Mimi nitamsema vizuri nikifika mahali pa kumsema vizuri.

Mimi ni mwanamke fundi cherehani. Miaka ile gauni la bibi harusi wa Majimoto lisiposhonwa na mimi, basi lilitoka Mpanda mjini, na yanayotoka Mpanda nilikuwa nayajua, mshono mmoja ukiachia lote linafumuka. Nilikuwa nakaa na gauni hadi macho yananiuma, naweka marinda mabegani, naweka lesi kwenye pindo. Halafu harusi ikiisha tunakwenda kuangalia video aliyopiga Telesphor, na tunaona nini? Miguu. Lesi yangu inapita juu kabisa, kidogo tu, na chini yake kioo kizima kimejaa miguu ya mashangazi wa bibi harusi, peku, inatifua vumbi. Mara ya kwanza nilidhani kamera imemshinda. Mara ya pili nilimfuata nikamuuliza kama ana ugomvi na mimi.

Kamera aliachiwa na padri mmoja mzungu aliyekuwa anarudi kwao kwa ajili ya uzee. Telesphor alikuwa fundi wa jenereta pale misheni, mtu mpole, mrefu, mwenye mikono inayonuka dizeli hata Jumapili, na padri alimpenda kwa sababu hakuwa mwongo. Ilikuwa kamera ya kubeba begani, ile inayomeza mkanda mkubwa mzima. Kabla ya hapo video tulizozijua zilikuwa zile za kibandani kwa Respicius, aliyekuwa akionyesha sinema kwa kiingilio, za Wahindi na za kupigana. Video yetu wenyewe hatukuwahi kuiona.

Sasa sisi picha tuliyoijua ilikuwa ya studio. Unasafiri na lori mpaka Mpanda, unaingia chumba chenye pazia lenye maua, mwenye studio anakuazima viatu kama huna, anakuambia usipepese macho. Kwa hiyo kamera ya Telesphor ilipotokea kwenye harusi ya kwanza, tulisimama. Harusi nzima ilisimama. Bwana harusi alishika mkono wa bibi harusi na wote wawili wakakazia macho kile kioo cha kamera, wasimamizi nao, na waimbaji wa kwaya waliacha kuimba ili wasiharibu picha. Telesphor aliwaambia hii ni video, tembeeni, chezeni. Walitembea kama askari wa gwaride, wakafika mwisho wa uwanja, wakasimama tena. Mkanda ule upo hadi leo nyumbani kwa familia hiyo, na ukiuangalia utadhani mashine imekwama.

Mwingine angechoka akaacha. Telesphor aliuangalia mkanda ule mara nyingi kibandani kwa Respicius, mchana kibanda kikiwa kitupu, na siku moja alikuja barazani kwangu, akasema ameona kitu. Alisema uso wa mtu unajua kamera, mikono inajua, hata mgongo unajua, ila miguu haijui. Mtu akisimama wima kama nguzo, kidole cha mguu bado kinakuna mguu mwingine. Lakini ni lazima awe peku. Akivaa viatu, miguu nayo inakuwa ya studio. Nilimwambia aache ujinga na apige gauni.

Hakuacha. Akawa anakwenda harusini, anakaa na wanawake jikoni walikovua viatu vyao vya kanisani ili wapike na wacheze vizuri, kamera ameilaza mapajani, anapiga soga, na kile kitaa chekundu amekibandika plasta ili watu wasijue kama inafanya kazi. Hilo la plasta sikulipenda, na nilimwambia waziwazi kuwa anawaibia watu. Wiki iliyofuata nilimwona amebandua plasta, na akawa anaomba ruhusa kwanza. Kukera alinikera, lakini alikuwa mtu wa kusikia.

Akiomba ruhusa, bila shaka, watu walisimama tena wima, miguu na yote. Hilo lilimsumbua msimu mzima. Aliwahi kuniambia kwamba anatamani ampate mtu mmoja tu ambaye atamwambia napiga, na yule mtu aseme sawa, halafu aendelee na mambo yake. Alimpata, naye alikuwa Marsela, mke wa Makarius.

Makarius alikuwa mwenyekiti wa kigango chetu cha kanisa, mwenye majaruba makubwa ya mpunga upande wa mtoni na ng'ombe wa kulimia, mtu wa heshima, mgumu kidogo. Kwa ukoo alikuwa kama kaka kwa Telesphor, kwa hiyo Marsela alikuwa shemeji yake. Huyu mwanamke alikuwa na kazi nyingi na maneno machache. Mtoto alikuwa mmoja, Rozalia, bado mdogo sana anayeng'ang'ania kitenge cha mama yake.

Mpunga ukishapurwa unaanikwa kwenye maturubai, na ili ukauke wote unageuzwa, na sisi tunaugeuza kwa miguu. Unaingia peku, unaburuta nyayo polepole, mguu huu, mguu huu, na nyuma yako mpunga unafunguka mistari. Ukifika mwisho unageuka, unarudi. Viatu ni marufuku, vinavunja punje na kuleta mchanga, na mpunga wenye mchanga hakuna anayeutaka. Ni kazi ya wanawake, na kitenge lazima ukikunje mpaka karibu na magoti, vinginevyo kinaburura punje zote nje. Telesphor alimkuta Marsela kwenye kazi hiyo pamoja na wake wa wazee wengine wa kigango, akamwomba apige. Wale wengine wakaanza kushusha vitenge na kutafuta ndala zao. Marsela alimjibu bila hata kugeuka.

"Kama unataka kunipiga nikifanya kazi, piga, shemeji. Muda wa kusimama kwa ajili yako sina."

Na akaendelea. Wengine walipoona mwenzao hashtuki, nao wakaingia tena kwenye mpunga. Telesphor alipiga siku ile, na siku nyingine kadhaa za msimu ule. Mimi niliuona mkanda huo mara moja tu, mchana mmoja kibandani, na hapa ndipo ninapofika mahali pa kumsema vizuri. Ulikuwa mzuri. Hakuna nyuso, hakuna mtu anayekuangalia, ni miguu tu inakwenda na kurudi kwenye mpunga na mistari inafunguka, sauti ya punje na wanawake wanasemezana mambo yao. Marsela ulimjua papo hapo bila kuambiwa. Mguu wake wa kushoto alikuwa anautupa nje kidogo kabla ya kukanyaga, wala hakuwa kilema. Nilikuwa nimemjua mwanamke yule miaka na miaka, nimempima nguo, na sikuwahi kuuona mwendo wake hadi siku ile. Nilitaka kumwambia Telesphor kwamba amefanya kitu kikubwa, nikamwambia sio mbaya.

Kosa lake lilikuwa kuuonyesha mkanda mahali alipouonyesha. Lakini televisheni ilikuwa moja tu, ile ya Respicius, na kibanda cha Respicius kila mtu alikuwa anakijua. Watoto wakishafukuzwa, huwekwa mikanda ya wakubwa, na mambo yake hayasemeki mbele ya mtu mwenye adabu. Siku Telesphor alipourudia mkanda wake walikuwemo vijana wachache wanaosubiri sinema, na mmoja alikuwa kijana wa Mpanda mjini aliyekuwa akimletea Respicius mikanda ya kukodi. Wale vijana waliona miguu ya wanawake, vitenge vimekunjwa, hakuna nyuso. Wakaanza kupiga miluzi. Telesphor hakuelewa wanashangilia nini, akacheka nao.

Yule kijana wa mjini alimfuata nje. Alisema anautaka mkanda ule, na atataka na mingine. Asiwapange wanawake, asiwaambie wasimame, wala asiwapambe. Iwe hivyohivyo, peku, wakiwa kazini, kama hawajui. Telesphor alifurahi sana kusikia mtu anayeelewa kazi yake. Akauliza ni nani wanaoipenda video ya namna hiyo. Kijana akamwambia, wako Dar wanaoitafuta, na inakwenda hata nje, na inaangaliwa na wakubwa, faragha. Telesphor akauliza wanaangalia nini hasa. Yule kijana akacheka, akamwangalia kama anavyoangaliwa mtoto, na akamweleza.

Telesphor alikuja kwangu moja kwa moja kutoka pale. Alikaa chini, akanieleza yote, na kwamba amekataa kumuuzia. Alisema kwamba ni mkanda uleule, hakuna kilichobadilika ndani yake, na bado sasa hawezi kuufikiria bila kuyasikia maneno ya yule kijana. Nilimwambia: umekataa, basi, yamekwisha, funga mdomo wako. Alisema hapana. Vijana walishapiga miluzi, maneno yatamfikia Makarius, na ni afadhali ayasikie kutoka kwake. Nilimsihi. Nilimwambia hao ni wanaume, Telesphor, utamwambia mwanaume kwamba kuna watu wanataka kununua miguu ya mke wake, halafu utegemee nini? Akasema atamweleza kila kitu tangu mwanzo, na ukweli hauna shida. Nilikasirika mpaka nikavunja sindano ya cherehani.

Akaenda asubuhi yake, akaeleza kila kitu tangu mwanzo. Makarius alimsikiliza hadi mwisho bila kumkatiza, akamwambia arudi Jumapili baada ya Misa na mkanda wake na kamera yake.

Jumapili ile nilikuwepo kwa sababu ya koti. Makarius alikuwa amenipa koti lake nilitengeneze mabega, nikalipeleka, naye akalivaa palepale. Walikuwa wazee wanne wa kigango, yeye akiwa mmoja wao, wamekaa uani wamevaa makoti na viatu vya kanisani, na wake zao wote walikuwa kwenye mkanda ule. Telesphor alisimama mbele yao na kamera yake mkononi. Makarius hakupayuka. Alisema maneno machache tu.

"Mke wangu sio sinema. Umemchukua uani kwangu ukampeleka kwa Respicius, wanakoangalia uchafu."

Mzee Melkiadi, mkubwa wao, akasema mkanda uchomwe moto. Hapo ikaonekana kuna tatizo. Mwanzo wa mkanda uleule Telesphor alikuwa amepiga kipaimara, watoto wa wazee walewale wakipakwa mafuta na askofu, na hakuna aliyetaka kukichoma kipaimara. Telesphor akawaeleza kwamba kinaweza kufutwa kipande cha mpunga peke yake, kwa kupiga kitu kingine juu yake. Hawakumwamini. Walisema ataondoka na mkanda na hatafuta kitu. Makarius ndiye aliyeamua: upigwe palepale, mbele yao, na wapigwe wao wenyewe, ili wakati wowote mtu akiuliza, aone kwamba penye wake zao wamesimama waume.

Telesphor aliomba. Hicho ndicho nisichokisahau, jinsi mtu yule alivyoomba. Hakujiombea yeye. Alisema wamsamehe au wasimsamehe, wamnyang'anye kamera, lakini kipande kile wakiweke hata kabatini kwa Mzee Melkiadi, kisionwe na mtu, kisifutwe tu, kwa sababu kikifutwa hakirudi. Mzee Melkiadi akamuuliza ana haja gani na miguu ya wake za watu. Telesphor akaweka kamera begani.

Wakasimama. Aliwaambia wanaweza kukaa, itachukua zaidi ya nusu saa, wakakataa, wakasimama wamejipanga, jua la saa sita machoni, mikono imenyooka kwenye mapaja. Kitaa chekundu kikawaka. Sikuwahi kuona watu wanne wametulia namna ile. Nilikuwa nimesimama kando na nilitaka kucheka, na nilitaka kulia pia.

Walikuwa wameshasimama muda mrefu Marsela alipotoka jikoni. Alikuja mpaka nyuma ya Telesphor, peku, unga mikononi, akaongea juu ya bega lake kuwaambia wale wazee.

"Mimi nilimruhusu. Aliniuliza, nikamwambia piga. Hajaniibia kitu."

Makarius hakusogeza hata kichwa, asiharibu picha.

"Ingia ndani," alisema.

Marsela akageuka akarudi jikoni. Telesphor aliendelea kupiga hadi mwisho, akashusha kamera akasema kipande kimekwisha.

Baada ya hapo alipiga harusi kama watu walivyotaka. Alisimama mbali, akapiga nyuso, akapiga keki, akapiga gauni langu kuanzia shingoni hadi pindoni, lesi yote. Nilipata nilichokidai miaka yote, na ukweli ni kwamba video hizo hazirudiwi. Unaziangalia mara moja, unajitafuta, ukishajiona unaondoka. Yeye mwenyewe alikuwa haji tena kibandani kuziangalia. Vijana walimwita Bwana Miguu, na mama mmoja akimwona anapita na kamera alikuwa anaficha miguu chini ya kanga kwa makusudi, ili watu wacheke. Telesphor aliamkia na kupita.

Halafu ikaja ile mvua. Kila mtu wa huku anaikumbuka, mwisho wa mwaka wa tisini na saba, haikukatika hadi majaruba yote yakawa ziwa moja. Marsela alikuwa na mimba ya pili, baada ya kukaa muda mrefu bila kushika, na tulifurahi wote. Akashikwa na homa. Zahanati walisema apelekwe Mpanda, na barabara ya kupita hifadhini ilikuwa imemezwa na maji, malori yamekwama pande zote mbili. Wanaume walimbeba na kitanda, Telesphor akiwa mmoja wao, wakitafuta mahali pa kuvukia. Hawakupapata. Walirudi naye jioni amefunikwa shuka mpaka kichwani.

Makarius hakuwa na picha yake ila moja, ya studio, ya mwaka waliooana. Mle ndani Marsela amesimama kando ya maua ya plastiki, amevaa viatu vya kuazima vinavyombana, macho kayatoa. Waliiweka juu ya jeneza. Rozalia alioneshwa, akaambiwa huyu ni mama, akasema siye.

Mtoto hasahau siku moja, anasahau kidogokidogo. Mwaka uliofuata ulikwisha, na Januari Makarius alimleta Rozalia kwangu apimwe sare ya darasa la kwanza. Nilimvalisha, nikamwambia atembee mpaka mlangoni na kurudi nione kama pindo liko sawa. Alitembea, na mguu wa kushoto ulitupwa nje kidogo kabla ya kukanyaga. Pini zilinianguka. Nikasema, mama yako mtupu, mwanangu, mwendo wa mama yako mtupu. Nilisema kwa upendo. Rozalia akasimama, akajitazama miguu, halafu akamtazama baba yake.

"Mama alikuwa anatembeaje?" aliuliza.

Makarius hakumjibu. Alimshika mkono, na sare yangu mwilini ina pini bado, akatoka naye, nami nikawafuata kwa sababu ya zile pini. Alikwenda mpaka kwenye mashine ya kukoboa alikokuwa anafanya kazi Telesphor siku hizo, akamwita nje. Tulisimama wote kwenye pumba. Makarius alikuwa amekonda mwaka ule, shati lilikuwa linamning'inia. Alianza kwa kuuliza habari za kazi. Halafu akasema alichokijia.

"Ule mkanda. Niambie ulinidanganya. Niambie uliubakiza, hata kidogo. Sitakasirika, Telesphor. Nakuomba uwe ulinidanganya."

Naamini kama uongo ungeweza kuurudisha mkanda ule, siku hiyo Telesphor angeusema.

"Nilifuta wote, mzee," alisema. "Mlikuwa mnaniangalia."

Makarius akasema hata hivyo wauangalie, huenda pamebaki mahali, mwanzoni au mwishoni, hatua moja tu. Tukapita kuuchukua mkanda, tukaenda kwa Respicius. Kibanda kilikuwa kitupu, mwenyewe akawasha jenereta bila kuuliza. Rozalia alikaa kwenye benchi la mbele, miguu haifiki chini.

Kilipita kipaimara. Kikakatika, na wakatokea wazee wanne wamevaa makoti, jua machoni, wamesimama. Kati ya kipaimara na makoti hapakuwa na kitu, hata kivuli. Telesphor alikuwa amefanya kazi safi. Tulikaa tukawaangalia. Makarius alijiangalia amesimama, dakika kwa dakika, koti langu mabegani, mdomo umefungwa. Hakuna aliyethubutu kusema mkanda usogezwe mbele.

Ndipo sauti ya Marsela ikatoka. Ilitoka wazi, karibu kabisa, kwa sababu alikuwa amesimama nyuma ya kamera. Mimi nilimruhusu. Aliniuliza, nikamwambia piga. Hajaniibia kitu. Rozalia aliruka kutoka kwenye benchi. Na yule Makarius wa kwenye kioo akasema, ingia ndani, na kichwa hakikusogea, lakini macho yalisogea. Macho yalimfuata mtu asiyeonekana, taratibu, kutoka upande huu wa kioo mpaka upande ule, mpaka jikoni kwake, yakarudi.

Rozalia alikuwa ameshakwenda nyuma ya televisheni. Tulimsikia anasukuma waya na maboksi. Akatoka huko na vumbi kwenye sare, akauliza mama yuko wapi, mbona amemsikia. Respicius akanyoosha mkono kuzima, Makarius akamzuia. Mtoto akamjia baba yake, akamshika magoti, akauliza tena lile swali lake la kwanza, mama alikuwa anatembeaje.

Makarius alifungua mdomo. Nilimwona anatafuta. Miaka yote ile ya ndoa, mwanamke amekwenda na kurudi mbele yake uani, asubuhi na jioni, na yeye alikuwa anatafuta na hapati. Akasema alikuwa anatembea vizuri. Rozalia akaendelea kumwangalia, anasubiri. Basi akamgeukia Telesphor, na sikuwahi kumsikia mwanaume yule akiongea kwa sauti ndogo kiasi kile.

"Wewe ndiye uliyemwangalia. Mwonyeshe mtoto."

Telesphor alivua kandambili zake. Akakunja suruali. Alianzia ukutani, kwenye sakafu ya udongo, akaburuta nyayo polepole, mguu huu, mguu huu, na wa kushoto akautupa nje kidogo kabla ya kukanyaga. Ndivyo mwendo wa Marsela ulivyokuwa. Mimi niliuona na nikaufahamu, na nikaweka kanga mdomoni. Makarius naye aliufahamu, maana alisema ndivyo, ndivyo hasa, na machozi yakawa yanamtoka bila kuyafuta. Telesphor alifika ukuta wa pili, akageuka, akarudi.

Rozalia aliangalia ile miguu mikubwa yenye nyufa na dizeli, ikija na kurudi. Aliiangalia kwa makini kabisa. Halafu akaniangalia mimi.

"Huyu ni baba Telesphor tu," alisema, akaomba arudishwe nyumbani.